Talaka ya Gari Nyekundu

Betri za redio zilikuwa juani, zimelazwa kwenye jamvi katikati ya karafuu, na mimi nimekaa pembeni nafukuza kuku. Mume wangu Nyange aliamini betri iliyochoka ikiota jua hupata roho ya pili. Jumapili ile niliziombea kama mtu anavyomuombea mgonjwa, maana jioni ndizo zingetwambia kama mimi bado ni mke wake.

Nyange alikuwa dereva wa gari ya abiria, lori la bodi ya mbao lililokuwa likitoka Kengeja asubuhi kwenda Chake. Juu ya kitanda chetu alibandika picha ya gari nyekundu ya Kitaliani, bapa kama kobe, aliyoikuta dukani imefungiwa njugu. Kisha akasikia redioni kuna mashindano ya msimu mzima, nchi kwa nchi, viwanda vinashindanisha gari zao za mbio: Wataliani na nyekundu zao, Wajarumani na nyeupe. Mwisho wa msimu pointi hujumlishwa, kiwanda kimoja kikachukua taji. Basi akawaka. Na jirani yetu Soud, fundi wa baiskeli, akashika upande wa Wajarumani kwa ajili ya koleo la Kijarumani aliloachiwa na babu yake, lisilojua kutu.

Ilikuwa miaka ile ya foleni za mchele. Watu wanatafuta cha kuchekea.

"Gari isiyobeba mtu wala muhogo, ya nini?" Mzee Kificho aliuliza siku moja barazani kwetu.

"Inabeba heshima, mzee wangu," Nyange akamjibu.

"Heshima itamwagika njiani," akasema Soud. "Nyekundu ni pilipili, yakhe. Ukali wake wa mwanzo tu."

Watu wakacheka, wakarudia kucheka. Mimi nilikuwa nyuma ya mlango na sinia la chai, nikamsikia Nyange kwa masikio yangu:

"Wallahi, nyekundu zisipochukua taji msimu huu, mke wangu Mwatum talaka tatu."

Soud ndiye aliyesema kwanza, tena kwa sauti ya chini: "Irudishe kauli, Nyange."

Lakini kauli ile hairudi. Imeshafungwa kwenye sharti, na sharti lenyewe liko Ulaya.

Kwa Shehe Abrahman tulikwenda sote wawili. "Ungesema moja, mwanangu," Shehe alimwambia, "ungekuwa na njia ya kumrejea. Tatu ulikuwa wazipeleka wapi?"

Nyange akaangalia miguu yake. "Moja haikutosha, Shehe. Kwa walivyokuwa wakicheka."

Tukaishi hivyo msimu mzima. Nyekundu zikishinda, alirudi na samaki, changu wawili, na maneno mengi. Zikishindwa, alilala kaupa ukuta uso, chini ya picha yake. Mimi nilizoea kuwaombea madereva nisiowajua, wanaume wa Kitaliani, wasiteleze kwenye mvua ya kwao. Soud naye alibadilika. Nyeupe zikipata, alikuja kwetu na uso wa msibani. "Usinichukie, Bi Mwatum," aliniambia. "Hata mimi sasa naziombea hizo zako."

Jumapili ile ya mwisho wa msimu betri zilifanya kazi vizuri, sauti imenyooka, redio inanukia karafuu. Taji lilikuwa la yeyote atakayeshinda siku hiyo. Mtangazaji alisema nyekundu iliongoza takriban mwendo wote. Karibu na mwisho gurudumu lake likapasuka, nyeupe ikapita. Kisha akaendelea na habari za mpira.

Nyange alizima redio. Alichukua mto wake akenda kulala kwa Soud.

Leo nina wajukuu, wa mume mwengine, mtu mwema wa Ole, Mungu amrehemu. Wakilalamika kwamba gari imewachelewesha njiani, mimi hukumbuka safari moja.

Talaka ilipokwisha kuanguka, kaka yangu Vuai alikuja kunichukua nikakae eda kwetu Ole. Gari ya asubuhi ilikuwa moja, na dereva wake mmoja. Vuai akakaa mbele naye. Mimi nikapanda nyuma na wanawake, sanduku langu juu ya mapakacha ya muhogo. Nyange yule, ambaye akikata kona watu walikuwa wakitoa shahada, siku ile aliendesha kama aliyebeba mayai. Kila aliyepunga mkono alisimamishiwa. Milima aliipanda kwa gia ya chini, na miteremko akaishuka kwa gia hiyo hiyo.

"Dereva, leo una nini?" Bi Masika, aliyekaa ubavuni kwangu, aligonga bodi la gari. "Hata ng'ombe watatupita."

Kupitia kidirisha cha nyuma niliiona shingo yake tu, imekakamaa. Baada ya kitambo kidogo gari la ng'ombe likaja nyuma yetu, limejaa makumbi ya nazi, na Nyange akajiweka kando likapita.