Picha Niliyoipeleka Itaka

Wageni kutoka Mlowo walifika saa nane mchana, wanawake wawili, na hawakukubali hata maji ya kunywa. Mkubwa wao, Roda, mama wa Edson aliyemchumbia binti yetu, alikaa kwenye ukingo wa kochi kama mtu anayesubiri gari. Mwezi uliopita, walipoleta barua ya posa, alikaa hapohapo akicheka.

"Dada Yunisi, picha tumeiona," alisema.

Nani hakuiona? Wiki nzima Tunduma nzima ilikuwa nayo mkononi. Atupele, binti wa marehemu kaka yangu, niliyemlea mimi, yuko uchi juu ya kitanda nisichokijua. Uso ni wake, hata hereni ni zile alizovaa kwenye harusi ya jirani yetu Priska. Siku ya kwanza nilipoiona nilimpelekea dada yangu wa Itaka, yule aliyetukutanisha na familia ya Edson, aniambie kama ni yeye kweli. Kisha nikapita kwa ndugu na majirani, nikaamuru kila mmoja aifute. Mdomo wangu wanaujua, wakafuta.

Mimi sikufuta. Kila nikibaki peke yangu niliirudia nikitafuta kosa, na nikalipata.

"Atupele ana kovu la uji wa moto," nikamwambia Roda. "Linatoka ubavuni mpaka kwenye nyonga. Kwenye picha halipo. Hiyo imetengenezwa kwa akili mnemba."

"Basi tulione," akasema mdogo wake. "Tukiliona tunarudi na habari njema."

Kwetu shangazi ndiye anayemfunda binti, na ndiye anayemsemea mbele ya wakwe. Sikuona ubaya wowote. Kusema kweli nilifurahi. Nikaingia chumbani, nikamwambia Atupele avae kanga tu, atoke.

Alikuwa amekaa sakafuni. Ilikuwa siku ya tano hajafungua duka lake.

"Shangazi, nivue nguo ili waamini kwamba sikuvua nguo?"

"Ni wanawake wenzako. Dakika moja tu."

"Wiki nzima watu wananivua. Na wewe unataka zamu yako?"

Nikapandisha sauti. Nikamwambia ndoa inaota mbawa hivihivi tunaiona. Alivaa gauni lake la kanisani, akafunga vifungo mpaka shingoni, akapita mbele ya wageni, akawaamkia vizuri na kutoka nje. Nikamkimbilia nikihema, tukipita kando ya malori yaliyopanga foleni ya kuvuka mpaka, hadi kituo cha polisi.

Kwenye dawati la jinsia tulimkuta afande mmoja mwanamke, Sabra. Nikawahi kumweleza habari za kovu.

"Mama, mwili wa mtu sihitaji kuuona," alisema. "Nahitaji kujua picha ilianzia kwa nani. Aliyeitengeneza ana kosa la jinai. Na kila aliyeisambaza ana kosa, hata kama aliituma kwa mtu mmoja. Mna simu yoyote yenye ujumbe wa kwanza?"

"Zote zimefutwa, afande," Atupele akasema. "Shangazi aliamuru."

Sabra akaweka kalamu chini.

Mkoba ulikuwa mapajani mwangu. Ndani yake simu, na ndani ya simu ujumbe ulioniletea picha siku ya kwanza, wa Lucky, fundi simu wa mtaani kwetu ambaye Atupele alimkataa mwaka jana: *Shangazi, mwangalie mwanao.* Nilidhani naye kaletewa tu kama sisi. Na humohumo ulikuwepo ujumbe wangu wa kwenda Itaka.

"Kitu kimoja sikielewi," Atupele alisema taratibu. "Picha iliwafikiaje watu wa Mlowo? Huko hakuna anayetufahamu zaidi ya wakwe."

Niliogopa. Ningeweza kuomba kwenda chooni na kufuta kila kitu, asijue mtu, na Lucky angeendelea kutengeneza simu za watu hapo mtaani. Nilimtazama mwanangu na vile vifungo vyake vya shingoni. Nikatoa simu, nikaiweka mezani.

"Aliyenitumia ni Lucky. Na iliyofika Mlowo ilitoka kwangu, kupitia kwa dada yangu."

Atupele hakulia wala kunigeukia.

Afande alisoma, akaandika jina la Lucky. Akavuta karatasi nyingine na kuuliza langu. Nikaukumbatia mkoba. Atupele akamtajia, majina yangu yote matatu.