Sindano Iliyotoroka

Marketta Suojanen alikuwa na miaka hamsini na sita studio ya katuni iliyomleta Dallas ilipomwambia kwamba haimhitaji tena. Huo ulikuwa mwaka wa 1999. Kwao Finland alikuwa ameandika na kuchora vitabu tisa vya watoto, kisha kwa miaka kumi akaitengenezea televisheni filamu za vikaragosi vya karatasi. Studio ilimwita kwa ajili ya ufundi wa mikono yake, na ikamwachisha kazi kwa sababu kompyuta ziliweza kufanya haraka zaidi. Hakurudi kwao. Alipanga fleti ya vyumba viwili Arlington, chumba kimoja akakifanya karakana, akaendelea kukata karatasi.

Haya yote Badria aliyajua kidogo kidogo, kwa kuwa walipakana ukuta. Badria alikuwa mtu wa Kibokoni, Mombasa. Mumewe, Shuaib, aliendesha teksi uwanja wa ndege, naye alishona nyumbani: magauni ya harusi, mabuibui, mapazia ya Wakenya waliokuwa wakinunua nyumba. Siku moja yule mama wa Kifini alibisha hodi akaulizia vipande vya kitambaa vilivyobaki. Badria alimpa mfuko mzima.

"Unafanyia nini?" alimuuliza. Wao walizungumza Kiingereza, kila mmoja kwa lafudhi ya kwao.

"Njoo uone."

Badria akaona meza ya kioo, taa mbili, na kamera iliyofungwa juu ikitazama chini. Juu ya kioo alilala mtu wa karatasi, viungo vyake vimeunganishwa kwa uzi. Marketta aliusogeza mkono wa mtu yule kidogo tu, akapiga picha, akausogeza tena. Sekunde moja ya filamu ilitaka apige picha kumi na mbili. Badria alipiga hesabu ya filamu ya dakika saba kichwani, akacheka.

"Bi Marketta, mimi nalalamikia shanga za bibi harusi!"

Tangu hapo ikawa ada. Yumna, bintiye, akishapanda basi la shule, Badria alibeba kazi yake ya mkono akaenda kushonea kwa jirani. Ni katika asubuhi hizo, mwaka wa 2001, alipomsimulia hadithi ya bibi yake, Bi Amna, aliyekuwa akishona kofia. Sindano ilichoka kuchoma nguo ikatoroka. Mji mzima nguo zikaanza kufumuka: kanzu ya kadhi, shuka za mahamali, mpaka sanda dukani. Watu wakajifungia majumbani kwa aibu. Mwishowe sindano ikasikia mtoto akilia kwa baridi, ikarudi.

Marketta aliacha kukata. "Rudia hapo kwenye kanzu," akasema.

Filamu ilichukua mwaka mmoja na nusu. Marketta aliuhamishia mji kwenye theluji, kadhi akawa mchungaji wa kanisa mwenye joho refu, na zilizofumuka zikawa makoti. Badria hakuona ubaya. Alikuwa anaona picha zinavyopendeza. Yeye ndiye aliyeisahihisha mikono. Mwanamke wa karatasi alikuwa akivuta uzi kama anayevuta ndoo kisimani, Badria akaketi karibu na kamera akashona polepole, Marketta akimwangalia na kunakili, mshono kwa mshono.

Aprili 2003 filamu ilichaguliwa kwenye tamasha dogo Houston. Shuaib aliomba ruhusa siku hiyo, wakaenda wote kwa gari lake, mwendo wa saa nne na zaidi. Ukumbini watu walicheka pale joho la mchungaji lilipofumuka, na mtoto alipolia wakanyamaza. Kisha yakaja maandishi ya mwisho. Hadithi, michoro na uongozaji: Marketta Suojanen. Chini kabisa, baada ya duka lililoazimisha taa, kulikuwa na orodha ya shukrani, na Badria alikuwa jina la sita.

Filamu ilipata tuzo ya pili. Badria alipiga makofi kama wengine. Walipofika Huntsville, njiani kurudi, akashindwa kunyamaza.

"Ile hadithi ni ya bibi yangu."

Marketta aligeuka kutoka kiti cha mbele. "Ulinipa mbegu. Mji ni wangu, watu ni wangu. Mwaka mzima nimeinama juu ya kioo."

"Nilikuwa nimeketi pembeni yako huo mwaka mzima."

"Kwa hiyo nilikuibia?"

"Mimi sikutamka neno hilo."

Shuaib alipandisha sauti ya redio. Hawakusemezana tena mpaka Arlington, na baada ya Arlington hawakusemezana miezi mitano. Badria alirudi kushonea kwake. Alisikia kupitia ukuta kiti kikiburutwa na kamera ikibofya, akawa anabonyeza pedali ya cherehani kwa nguvu kuliko haja.

Mwezi wa Septemba alimpigia simu mama yake Mombasa, ili apate wa kumuunga mkono. Akamweleza habari yote, kuanzia sindano hadi jina la sita. Mama alisikiliza mpaka mwisho.

"Sindano?" akasema. "Mama yangu alikuwa akisimulia mkasi, mwanangu."

"Mkasi?"

"Mkasi. Tena haukurudi. Watu waliishi na nguo mbovu hivyo hivyo, ndio maana tulikuwa tukicheka. Huyo mtoto wa baridi umemtoa wapi? Mombasa baridi ya nani?"

Badria alikaa na simu mkononi, akajaribu kumsikia bibi yake akitamka neno sindano, asimsikie. Alikumbuka majira yake ya kwanza ya baridi Texas, Yumna akiwa mchanga na hita ya fleti imekufa, naye akimsimulia chochote ili asilie. Huenda ndipo mtoto huyo alipoingia.

Angeweza kunyamaza. Kesho yake alibisha hodi mlango wa pili, akaeleza yote hapohapo kizingitini, hata lile la mkasi.

Marketta akamkaribisha ndani. "Kwa hiyo na wewe umeibadilisha."

"Nimeibadilisha. Lakini haikuwa yako peke yako."

"Hapana," alisema Marketta. "Haikuwa." Akamwelekeza mezani. Barua ilikuwa imefika kutoka kwa mchapishaji wake wa zamani Helsinki. Alitaka filamu ile iwe kitabu. Barua ilikuwa na wiki tatu pale bila kujibiwa. "Sikujua niandike jina la nani," akasema, "na niliona haya kuja kukuuliza."

Waliijibu pamoja. Badria alitaka mambo mawili: jina la Bi Amna liwemo ndani, na kitabu kitoke pia kwa Kiswahili. La kwanza mchapishaji alilikubali, pamoja na majina yao wawili jaladani. La pili alilikataa. Wanunuzi angewapata wapi? Badria alikasirika, kisha akatafsiri mwenyewe, akamrudisha kadhi na kanzu yake, na Marketta akachora upya kila ukurasa ili maneno yapate nafasi. Walichapisha nakala arobaini kwenye duka la fotokopi, Badria akazishona migongo kwa uzi wa nta.

Kitabu cha Kifini kilitoka mwaka wa 2005, cha kumi katika kazi ya Marketta, na kiliuzwa vizuri kuliko vyote vya nyuma. Zile arobaini ziligawiwa kwenye madrasa ya Jumamosi na kwa Wakenya wa kanisani. Siku ya kukisoma kile cha Kiswahili madrasani, Badria alisimama mbele ya watoto ishirini, Marketta kando yake akiinua picha. Ukurasa wa tatu mtoto mmoja aliuliza kwa Kiingereza kadhi ni nani. Badria akamweleza kwa Kiswahili, taratibu, kisha akaendelea kusoma.