Pale Kitanda Kilipokuwa

"Mama, toka, uingie tena," dada alisema, jicho moja limezama kwenye kamera.

Mama akatoka, akaingia. Sijui ilikuwa mara ya ngapi. Mimi niliegemea ukuta, shairi mkononi, damu inachemka. Nyumba ilishauzwa, vyombo vilishahamishwa, na jioni ileile mnunuzi angekuja kuchukua ufunguo. Filamu ya kumkumbuka baba ilibakiwa na saa chache, na mwongozaji wake anapiga picha mlango!

Ndiyo kazi ya dada. Hamuulizi mtu anakumbuka nini. Humrudisha mahali, humwambia afanye alichokuwa akifanya, basi. "Maneno watu huyapamba," husema. "Miguu haijui kupamba."

Mimi maneno ndiyo mali yangu. Hakuna mwalimu aliyenifundisha vina na mizani. Nilijifunza mwenyewe, nikigonga vidole kwenye meza ya baba huku akitengeneza redio za watu, naye akinikemea, "We mtoto, skrubu zinaruka!" Alipougua, kitanda chake kilihamishiwa kando ya meza hiyo, katika chumba hichohicho cha mbele tulimokuwa tukipiga filamu, asikie sauti za mtaa. Humohumo alifia. Nilimtungia beti ambazo mpaka leo sijatunga nyingine za kuzifikia, na dada aliniahidi kwamba zingesikika kwenye filamu.

"Zamu yangu lini?" nikauliza.

"Malenga, punguza mori."

"Mori? Jua linazama! Watu watajuaje baba alikuwa nani? Kwa kumwona mama akizunguka chumba kitupu kama aliyepoteza sindano?"

"Afadhali sindano," mama akadakia. "Hutafutwa kimya."

Dada alicheka mpaka kamera ikatikisika. Mimi sikucheka. Nilimwambia wazi kwamba sanaa inayoyaonea haya maneno ni sanaa ya waoga.

Hakukasirika, na hilo ndilo lililoniudhi zaidi. "Haya, simama utakapo," akasema. "Soma."

Nikaenda katikati ya chumba. Nikakunjua karatasi, nikasafisha koo, nikafungua kinywa. Mama alikuwa akivuka kuelekea jikoni, kama alivyoelekezwa. Akasita mbele yangu, akanigusa kiwiko.

"Sogea, mwanangu," akaninong'oneza. "Umemkanyaga baba yako."

Nikatazama chini. Saruji tupu. Nikarudi nyuma kwa ncha za vidole mpaka mgongo ukagusa ukuta. Mama akapita ubavuubavu, amejibana kama apitaye kati ya kitanda na meza, kisha akainama kidogo, akavuta shuka lisilokuwapo na kulifikisha mabegani.

Kamera iliendelea kunguruma kwa chini.

Filamu imeonyeshwa mara nyingi tangu hapo. Kila mara hakosekani mtu wa kuniuliza yule kijana aliyefungua kinywa alitaka kusema nini. Humjibu kwa ukali, amuulize mwongozaji. Naye dada, bila haya, humrudisha kwangu.