Upande wa Sinia Uliotazama Ukuta

Bibi harusi aliingia nyumba ya wakwe zake na hofu moja tu: mkono wake. Kwao walikula kwa kiganja kizima, tonge likajaa, mchuzi ukateremka mpaka kiwikoni, na hakuna aliyemnunia mwenzake. Hapa watu walikula kwa ncha za vidole vitatu, polepole, kama wanaookota sindano.

"Mwanangu," mama mkwe alimwambia mapema, "asiyejua kula nasi hula jikoni. Na akishazoea jikoni, huyo si mke tena. Ni mtumishi."

Mchana wakakaa mkekani. Sinia lilikuwa moja, pana kama ungo, wali chini na nyama juu, kila mtu na upande wake. Upande uliotazama ukuta haukuwa na mtu, na hata watoto hawakuugusa.

"Kitendawili!" wifi yake akasema, macho yanacheka.

"Tega."

"Wanaokula ni wengi kuliko wanaonawa."

"Watoto wachafu?"

Wifi akacheka nusura apaliwe. "Nipe mji! Hata ukinipa, jibu sikwambii. Utaliona mwenyewe."

Bibi harusi akajaribu vidole vitatu. Wali ukamponyoka, ukamwagikia mapajani.

"Wifi yangu, unakula au unapanda mbegu?"

Mumewe akatazama pembeni. Bibi harusi kwa aibu akainamisha kichwa, ndipo akaona. Kule ukutani wali ulikuwa unapungua. Ulizama wenyewe, taratibu, ukaacha shimo, na shimo lile halikuwa la vidole vitatu. Lilikuwa pana, lenye alama ya kiganja kizima.

Akawatazama wenzake. Wote walitafuna, macho chini.

"Nani yule?" akanong'ona.

"Kula," mumewe akasema.

"Mama, ni nani?"

Mama mkwe akameza kwanza. "Mama mkwe wangu mimi. Aliingia humu kuwa mpishi, akaolewa. Kwa ule mkono wake hawakumkaribisha siniani hata siku moja, alikula jikoni mpaka roho ikamtoka. Watu waliporudi kutoka kumzika, wakakuta upande ule umeshaliwa."

Bibi harusi akahisi nywele zinamsimama. Lakini njaa nayo ilikuwa inamuuma, na aibu ilishamchosha. Akakunja mkono wa gauni, akatia kiganja chote, akabeba tonge la kwao.

"Inuka!" mama mkwe akafoka. "Inuka uende jik..."

Hakumaliza. Kutoka upande wa ukuta, pande la nyama lilianza kusogea. Likavuka wali likiburura mchuzi nyuma yake, likasimama mbele ya bibi harusi.

Mama mkwe akavuta miguu yake kumpisha. "Nenda kakae kwake. Humu ndani sasa una nafasi kunishinda mimi."

Akaenda, mgongo ukutani, watu wote wakimtazama kwa heshima aliyokuwa akiitamani. Akatia mkono. Ndani ya wali wa moto, vidole vya baridi vikapita juu ya vyake, vikavikunja kwa upole, kama bibi anayemfundisha mjukuu kula. Tonge la kwanza likaenda kinywani. La pili likafuata.

Baadaye kidogo alishiba. Akataka kunawa. Mkono ukaendelea kwenda na kurudi.