Mgongo wa Zelinda

Jumanne asubuhi Ornella Pacchiani alikuwa akioga nyumbani kwake Roma kidole kilipogusa kovu asilolijua. Akachukua kioo cha mkono. Mgongo haukuwa wake. Ulikuwa mpana, wenye misuli, na alama ya pasi karibu na kiuno. Akajikausha, akanywa kahawa, akapanda tramu kwenda studio.

Filamu ilikuwa ya visa vinne vya mapenzi, na yeye alicheza mjane katika kisa cha tatu. Mkataba ulisema ataonyesha mabega tu. Lakini nakala za kuuzwa nje huongezewa vipande: uso wa nyota, mwili wa mtu mwingine. Nyota haulizwi.

Nives, mhariri, alikuwa akila mkate na soseji. Alimfunua Ornella blauzi kwa nyuma, akatazama huku akitafuna.

“Ndio wenyewe. Filamu imeanza kuonyeshwa Munich jana. Nimeunganisha vizuri, eh?”

“Nirudishie wangu.”

“Anao Zelinda, mfua mashuka wa hotelini. Huyo hapo mlangoni, naye kaja kugomba.”

Zelinda aliingia, akageuka. Mgongo wa Ornella ulimkaa vyema, mwembamba, laini.

“Dada, huu wako ni wa maonyesho. Nimeinua kapu moja tu, nikaanguka. Kesho nikianguka tena nafukuzwa, na nina watoto watatu.”

“Nani alikutuma uvue nguo kwa uso wangu?”

“Niliambiwa ni tangazo la sabuni!”

Wote wawili wakamgeukia Nives. Nives akafuta mikono, akaweka filamu mezani, akakata kile kipande. Hakuna kilichobadilika.

Mwenye filamu akachungulia na sigara yake. “Kata upendavyo, mama. Hiyo ni nakala ya hapa ofisini. Nyingine ziko Munich na Lyon, na watu wamejaa hadi ngazini.” Akaenda zake kula.

Ornella alifunga vifungo vya blauzi.

“Hotelini kwenu mnaingia saa ngapi?”

“Saa kumi na mbili.”

“Makapu nitainua mimi. Wewe kunja foronya.”

Mgongo ule ulikuwa mzuri. Ulibeba makapu mawili kwa mpigo. Msimamizi aliona kazi inakwenda, hakuuliza kitu. Filamu ikapendwa. Ubelgiji wakaiongezea wiki, kisha miezi, na kufikia Pasaka Ornella alishapewa aproni iliyotariziwa jina lake.