Somo wa Wari

Nunu aliingia bila ya hodi. Mwaka wa pili ule alikuwa hajakanyaga kizingiti cha nyumba ya kaka yake, Kiponda, na siku aliyokuja kukikanyaga hakubisha, hakutoa salamu, wala hakuvua viatu. Alipita ukumbini moja kwa moja mpaka uani, Shemsa alipokuwa anatwanga.

"Wacha mchi, wifi."

"Nani kakufungulia?"

"Mlango uko wazi. Wacha mchi nnakwambia."

Shemsa hakuuwacha. Aliupandisha na kuushusha kwa kishindo kuliko mwanzo, mgeni ajue kwamba hatakiwi. Kinuni mlikuwa na mawaridi na mrehani, na pembeni, juu ya jiwe, liwa iliyokwisha kusagwa ilikuwa inangojea marashi. Singo ile ya kusugulia mwili ilikuwa ya bibi harusi wa Chukwani, na alasiri ya siku hiyo hiyo ndipo alipokuwa aanze kusingwa. Kwa kazi hiyo mjini hakuna asiyemjua Shemsa. Anatwanga singo, anasinga, na akishafungiwa chumbani na mwari, yeye ndiye anayemwambia yale ambayo mama mzazi hawezi kumwambia. Ni somo. Watoto wa watu aliowafunza hawana idadi.

Na huyu Nunu, dada wa mumewe, alimfanyia nini? Harusini, Malindi, mbele ya wanawake waliojaa mikekani, alisema kwa sauti: "Singo ya Shemsa siku hizi imejaa unga wa dengu." Ati unga wa dengu! Bora angemtukania mama yake. Shemsa aliapa siku ile kwamba mwanamke yule hataingia kwake mpaka yeye mwenyewe atolewe kwa jeneza.

Sasa yuko uani, anamnyooshea simu.

"Umekuja kunicheka?"

"Ningetaka kukucheka ningekucheka mbele za watu, kama kawaida yangu. Tazama."

Shemsa alitazama. Aliuona uso wa mwanawe Khairat, kisha akaona kwamba ile si picha ya kuonwa na mtu, hata yeye mzazi, na mchi ukamponyoka ukaanguka sakafuni. Aliibana simu kifuani, kioo ndani. Mtume! Mtoto wa miaka kumi na tano.

"Imekuja asubuhi kwa nambari nisiyoijua," alisema Nunu, na kwa mara ya kwanza sauti yake haikuwa na makali. "Chini yake kaandika: huyu ndiye mtoto wa kaka yako. Akizidi kunikatalia, wa pili kuiona ni baba yake, na kesho ni mji mzima."

Khairat alikuwa juu. Shule zimefungwa, na mtoto amejifunika shuka gubigubi na joto lote lile. Shemsa alipanda ngazi akimuita, na vile alivyomuita, jirani angedhani nyumba inaungua. Aliivuta shuka kwa nguvu, akaunyanyua mkono, na mkono ule ukadakwa na Nunu nyuma yake.

"Mpige, halafu? Atakwambia nini ukishampiga?"

"Nani mwanamme huyu?" Shemsa alifoka.

"Sikujua kama ni mwanamme," alisema Khairat. "Ni somo."

"Somo gani?"

"Somo wa Wari. Ana ukurasa wake kwenye simu. Anafundisha singo, na kujitunza, na mambo... mambo yale. Shuleni tunamfuata wengi. Nikimuuliza kitu ananijibu vizuri, ananiita mwanangu. Kisha akasema somo lazima amuone mwari wake kama hana kasoro. Akasema hata wewe ndivyo unavyowafanyia hao unaowasinga. Nikampelekea moja. Baada ya hapo akageuka, anataka nyingine, na nyingine. Nilipokataa akanipigia. Nikasikia sauti ya mwanamme mzima, anacheka."

"Na mimi mama yako nipo, kwa nini hukuniuliza?"

Khairat alikaa kitako. Hofu ikamtoka usoni, ikaingia hasira.

"Nilikuuliza! Nilipovunja ungo nilikuuliza, ukanambia mambo hayo haulizwi mama, kamuulize somo yako. Somo yangu nani? Somo yangu ni shangazi Nunu, na umemfungia mlango. Ukasema nikienda kwake radhi zako sina. Nikamuulize nani, paka?"

Kinyozi hajinyoi. Ndiyo mila yenyewe: mama hazungumzi mambo hayo na mtoto aliyemzaa, humkabidhi kwa somo, na somo huteuliwa mapema, mtoto hajajua lolote. Nunu ndiye aliyeteuliwa. Walipogombana, Shemsa angeweza kumtafuta mwengine, lakini kumtafuta mwengine kungekuwa kuwaambia watu kwamba yale maneno ya dengu yamemuuma. Basi akanyamaza, akaendelea kutwanga, na mtoto akakaa bila ya mtu kwa ajili ya kiburi cha mama yake. Mwanaharamu mmoja, hajulikani kakaa wapi, akaliona pengo hilo akaingia. Na kila alichokitaka kukijua aliambiwa na mtoto mwenyewe, mpaka nambari ya shangazi yake.

Shemsa alishuka chini. Alitaka kulia, akashindwa. Alikaa mbele ya kinu mikono mitupu, singo nusu imelainika nusu haijalainika, na jua likapanda mpaka uani.

Muhiddin, mumewe, alirudi kutoka bandarini adhuhuri akakuta jiko halijawashwa. Dada yake ndiye aliyemwambia, kwa maneno machache, na picha hakumuonesha. Muhiddin akamgeukia mkewe.

"Wewe! Wewe unayekwenda kufunza adabu watoto wa wenzio!"

"Leo nimestahiki," alisema Shemsa. "Endelea."

"Ileteni hiyo simu ya mtoto niivunje. Kila kitu kifutwe, na huyu aozwe mwezi huu huu kabla hajatumalizia jina."

"Aozwe kwa kosa gani?" Nunu aliruka, simu ya Khairat mkononi mwake. "Na ukiivunja simu, huyo mtu naye ndiyo atakuwa amevunjika? Maneno yake yote yamo humu. Hii ndiyo shahidi wetu."

"Shahidi wa kumpeleka wapi? Polisi? Mkamuweke mtoto wa kike mezani kwa askari? Mna wazimu nyinyi!" Alimuelekezea mkewe kidole. "Shemsa, ukitoka mlango huo kwenda kutangaza aibu yangu, usirudi."

Katika ndoa yao yote hajawahi kumwambia neno kama hilo. Shemsa aliogopa, tuseme kweli. Aliiogopea nyumba yake, akaiogopea na kazi yake, kwani nani atamkabidhi mwari mwanamke ambaye wa kwake mwenyewe amemshinda? Lakini Khairat alikuwa ameshuka, amesimama mlangoni anasikiliza, anangojea ajue kama na mama naye atamwacha.

"Mficha uchi hazai, Muhiddin," alisema Shemsa. Akaikomba singo kinuni kama ilivyo, akaitia ndani ya bakuli, akavaa buibui lake, akamshika Khairat mkono, Nunu nyuma yao. Muhiddin aliwafuata kwa matusi mpaka mlango wa nje, akaufunga kwa ndani, wakasikia komeo linaingia.

Kituoni, askari wa dawati la jinsia na watoto alikuwa msichana mwembamba, mwenye mafua. Hakumkaripia Khairat. Aliisoma simu tangu juu mpaka chini bila ya kusema kitu, na jina la ukurasa lilipotajwa akavuta pumzi.

"Musifute neno hata moja. Musimjibu, wala musimpe anachokitaka, maana hashibi. Jina hili si mara ya kwanza kulisikia."

"Basi mbona hamumkamati?" alisema Shemsa kwa ukali.

"Kwa ushahidi wa nani, mama? Wazee wananong'ona hapo mlangoni, kisha wanakwenda kwao wanavunja simu, mtoto anatiwa fimbo, yamekwisha. Wewe ndiye wa kwanza kuniletea simu nzima na mtoto mzima."

Teksi ya kwendea Chukwani ililiacha nyuma zogo la mjini. Nunu alichovya kidole kwenye bakuli, akakisugua kwa kidole gumba.

"Haijalainika."

"Sema basi. Sema ina dengu."

"Haina dengu," alisema Nunu. Akaangalia nje. "Haijapata kuwa na dengu. Nilikuwa na choyo tu."

Shemsa alimtazama kwa chuki zote za miaka ile, akataka kumwambia neno, akaliacha. Hakuwa na nafasi nalo leo.

"Kesho ataitoa picha," alisema.

"Basi mtangulie. Aibu ukishaisema mwenyewe, mtu hana tena cha kukutishia. Na kule Chukwani leo kumejaa mama za watu."

Shemsa alimgeukia mwanawe. "Khairat. Niseme? Ukikataa sisemi, wallahi."

Khairat alifikiri. "Sema. Lakini usiseme mie mjinga."

Vigelegele vilisikika tangu barabarani. Bi. Faiza, mama wa bibi harusi, aliwapokea kwa bashasha, akawapitisha katikati ya wanawake waliokaa mikekani, kahawa inazunguka na halua. Bibi harusi alikuwa chumba cha ndani, ameshafungiwa kanga, anangojea. Shemsa hakukaa. Aliliweka bakuli chini.

"Kabla sijamgusa mwari, nina neno," alisema. Vicheko vikapungua. "Kuna mwanamme kwenye simu anajifanya somo. Anajiita Somo wa Wari. Mwanangu huyu alimuamini, kwa sababu mie mama yake nilimnyima somo yake. Kamchukulia picha, na sasa anatutisha. Huenda kesho ikakufikieni. Ikikufikieni musiitazame, musimpelekee mtu, nambieni. Na mwanangu si mjinga, mjinga ni mie. Nakuombeni, waulizeni watoto wenu. Waulizeni nyinyi wenyewe, kwa midomo yenu. Musingoje somo."

Vikombe vya kahawa vilisimama mikononi. Pembeni mtu alinong'ona, na alihakikisha anasikika: "Ati na huyo ndiye fundi." Mwengine akadakia: "Na mtoto kaja naye! Haya zimekwenda wapi?"

"Umemaliza?" aliuliza Bi. Faiza. Bashasha yote imemtoka.

"Nimemaliza."

"Siku ya kusingwa mwanangu ndiyo uliyoiona ya kutuletea uchafu wako. Hapa hatuna mambo hayo. Watoto wangu nimewalea. Chukua singo yako utoke, na kazi yangu usiiguse tena, wala ya mtu yeyote ninayemjua."

Nunu alishaanza kukunja mikono ya buibui. Shemsa alimshika, akainama, akaliokota bakuli. Walipita tena baina ya wanawake wale, na safari hii hakuna aliyesogeza miguu kuwapisha. Nyuma yao mtu alianzisha wimbo wa harusi kwa pupa, wenzake wakamuitikia kwa sauti kubwa kupita kiasi.

Nje kulikuwa na baraza ya saruji na viatu vya watu vimezagaa. Khairat alikaa kuvaa viatu vyake. Kifungo kilikuwa hakiingii, na Shemsa alisimama juu yake na bakuli mkononi, hana kazi, hajui kama usiku huu ana pa kulala.

Mlango ulifunguka. Alitoka Asila, mdogo wake bibi harusi, msichana wa kidato cha pili aliyekuwa akizungusha halua. Sinia alikuwa nalo bado. Alimtazama Shemsa, akamtazama Khairat, akaliweka sinia chini, pale pale baina ya viatu.

"Huyo somo," alisema, "anaanza kwa kukuita mwanangu?"

Khairat alinyanyua uso. "Ndiyo."

"Asila!" Bi. Faiza aliita kutoka ndani. "Asila, halua iko wapi?"

Khairat aliviburura viatu vyake, akasogea mpaka ukingoni mwa baraza, akaikusanya pembe ya buibui lake. Asila akaja akakaa kwenye nafasi ile, bega kwa bega, mikono ameibana magotini. Ndani wimbo ulikatika, na Bi. Faiza akaita tena.