Kamera Mbele ya Kilio

Mambo haya aliniambia Élodie, mtoto wa jirani yangu, Jumapili iliyopita tulipotoka misa, viatu vyetu vimejaa matope.

"Toka na hiyo kamera!" Eulalie alikuwa ameujaza mlango, mikono kiunoni. "Huku Kadutu kamera inaingiaka siku ya kilio. Nani alikuambia papa yangu ameshakufa?"

Élodie hakusogea. Alikuwa anapiga filamu ya wagonjwa waliochagua wenyewe namna ya kufa kwao, na Papa Cyprien, baba yake Eulalie, ndiye aliyemwita. Ini lilikuwa limekwisha. Mzee aliapa hatarudi hospitali. Alitaka kufia kitandani pake, dirisha wazi, asikie wanawake wa soko wakitukanana.

Nje, wanaume wanne walingoja na kipoyi, kiti kilichofungiwa miti miwili, wamteremshe mlimani hadi hospitali, maana gari halifiki pale.

"Papa, twende," Eulalie alisema.

"Sitaki sindano tena."

"Na miye batu batasema nini? Batasema Eulalie alifungia papa yake mu nyumba juu ya kuriti parseli, hiki kiwanja chake!"

Mzee alicheka, kikohozi kikamkata. "Nyumba yenyewe inavuja."

Élodie akaishusha kamera kwa aibu. Hapo Eulalie akamgeukia, macho mekundu.

"Mbona unaishusha? Si ulikuya kuiba kifo chetu? Sasa piga! Piga vile ninamuomba. Siku ya kilio utaonyesha bashangazi yangu!"

Akapiga magoti, akamshika baba yake miguu, akamsihi mpaka sauti ikakauka. Mzee akaigeukia kamera.

"Ni miye njo nimekataa," alisema. "Eulalie hana kosa. Mwenye atamusumbua, nitarudi kumusumbua naye."

Wanaume wakatazamana. Mvua ilianza, wakakimbia, wakakiacha kipoyi uani.

Élodie alinyoosha mkono amwinue Eulalie.

"Usiniguse. Filme yako umeshaipata." Eulalie akaketi chini, mgongo kwenye mlango. "Na hautoki mpaka mvua iishe. Ukianguka ku huu mulima, batasema nilikusukuma."

Papa Cyprien alilala wa kwanza, kinywa wazi. Élodie akaegemea gunia la makaa, usingizi ukamchukua. Kamera aliisahau mezani, taa yake ingali nyekundu, na hiyo ndiyo iliyoyaona ya baadaye: dirishani, kiti cha kipoyi kikijaa maji, na Eulalie akiisikiliza pumzi ya mzee. Inaingia, inangoja, inatoka. Kila ikitoka, aliitikia kwa kichwa. Ikaingia, ikangoja, ikatoka. Kichwa cha Eulalie kikainama, na safari hii hakikuinuka; naye usingizi ulimchukua.